Nzuri, Ila Nisindikize Kidogo

Lile bomba la kota lilikuwa likikohoa kama mzee mvuta kiko. Kho-kho, kimya, halafu fyuuu ya upepo mtupu, ndipo maji yanaangukia debe kwa kishindo. Sisi tulikaa mtaa wa juu, kwenye mteremko wa mlima, na asubuhi za mwezi wa sita, baridi ya Mbeya ikiwa imekakamaza hata majani, sauti ile ilipanda hadi dirishani kwetu utadhani bomba liko uani. Halikuwa uani. Lilikuwa chini huko kwa watumishi wa serikali, na lilifungwa kwa kufuli. Maji yetu sisi yalikuwa kijitoni, upande wa pili wa kilima. Kushuka ni kuteleza, kupanda ni kumwomba Mungu.

Nilikaa na shangazi yangu. Ndiye aliyenilea. Alinitoa Igowole, kule Mufindi, nikiwa bado nabebwa mgongoni, tukamfuata mume wake aliyepata kazi Mbeya. Mume alipofariki tulibaki wawili, na goti lake bovu likawa kama mtu wa tatu ndani ya nyumba, maana lilikuwa na siku zake za kununa na siku zake za kucheka. Kila aliporudi kijitoni alitua debe, akakaa kwenye jiwe la mlangoni, akalisugua goti na kusema, "Mvua za kwanza zikianguka, mimi narudi Igowole."

Nilikuwa nimemaliza darasa la saba na kichwa changu kimejaa majumba. Nilijiona karani, napiga taipu, jioni narudi kwenye nyumba yenye vioo vya dirisha, na shangazi amekaa kando ya bomba letu wenyewe, ameweka mguu juu ya kigoda. Kwa hiyo hesabu yangu ilikuwa nyepesi: bomba likija mtaani kwetu, shangazi hataondoka. Lisipokuja, mvua zitamchukua. Niliomba bomba kuliko nilivyoomba nguo.

Siku moja akaja balozi wetu wa nyumba kumi, mzee wa Kinyakyusa, mpole, kofia haimtoki kichwani.

"Wewe binti, si unajua Kinyakyusa na Kisafwa, na hicho Kihehe chenu?"

"Navijua, mzee. Hata kutukana."

"Kutukana hakuna kazi. Kesho kutwa anakuja afisa wa mipango miji, ametoka Dar es Salaam. Anapima hali ya maisha ya watu mjini. Mtaa utakaoonekana una shida zaidi ndio utapewa bomba. Wewe utawafasiria wasiojua Kiswahili vizuri. Sasa pita, uwatangazie."

Nikapita mbio nyumba kwa nyumba kama niliyeshinda kitu. "Kesho kutwa wanakuja kupima maisha! Mkae nyumbani, wanakuja kupima!"

Basi siku yenyewe ilipofika, akina mama wote walikuwa wamepanga mstari mbele ya nyumba ya balozi, watoto wamepakwa mafuta wanang'aa, kadi za kliniki mkononi. Wanaume hawakuja. Walisimama kila mmoja mpakani mwa kiwanja chake ameshika jembe, kwa sababu kwao kupima ni kupima viwanja, na mwaka uliotangulia kuna watu walipimiwa wakahamishwa. Na mzee mmoja jirani yetu, fundi wa mikeka, alikuwa amekaa pembeni amekunja mkono wa shati.

Land Rover ikasimama, akashuka dada mrefu wa kupendeza, kavaa viatu vya raizoni, soli nene kama tofali, anatembea kwenye mawe yetu kama mtu anayevuka mto. Akaangalia ule mstari.

"Ndugu, mbona wote wana watoto wachanga?"

"Wamekuja kupimwa," nikamjibu.

"Kupimwa nini?"

"Maisha."

Dereva alicheka mpaka akashikilia boneti. Yule mzee wa mikeka akasogea. "Damu mnatoa mkono upi? Mimi sijala tangu jana."

"Babu, nenda kanywe uji," afisa akamwambia, naye akaondoka amekasirika, maana njaa yake imekwenda bure.

Tukaanza. Alikuwa na futikamba, akapima vyumba. Akauliza mnalala wangapi, choo ni chenu au cha kuchangia, taka mnatupa wapi. Watu walijibu vizuri. Mwisho wa yote, kwenye kila nyumba, lilikuja swali moja lililokuwa kubwa kuliko mengine, mwenyewe aliniambia hivyo: "Kwa jumla, hali yako ya maisha hapa mjini ni nzuri, ya wastani, au mbaya?"

"Nzuri," akasema mama wa kwanza.

"Ndaga fijo, nzuri kabisa," akasema wa pili, anashukuru kwa Kinyakyusa na kuinama kidogo.

Wa tatu upepo ulikuwa umechukua nusu ya bati lake, mbingu tunaiona tukiwa ndani. "Nzuri tu," akasema.

Nilianza kutoka jasho. Ukimwuliza mtu hali yake, kwetu hiyo ni salamu. Mgeni amesimama mlangoni, hata maji hajanywa, umwambie mbaya? Hata msibani watu husema nzuri kwanza. Nilitaka kumweleza afisa lakini sikujua nianzie wapi, kwa sababu mimi mwenyewe asubuhi ile alinisalimia, "Hujambo, hali?" na nilisema nzuri, wakati nilikuwa sijalala kwa kuwaza bomba.

Kila nyumba tukitoka, Land Rover ilikuwa mlangoni. Anapanda, tunasogea hatua chache, anashuka. Nikamwuliza dereva kwa sauti ya chini, "Jana mlikuwa wapi?"

"Kota za chini."

"Walisemaje?"

"Mbaya! Wote mbaya. Mmoja kasema bomba linakohoa alfajiri, linamwamsha."

Wenye bomba maisha yao mabaya, sisi tusio nalo maisha yetu mazuri. Kwa kipimo hicho serikali ilipaswa kuja kulichukua hata lile jiwe letu la mlangoni ikawapelekee wale wa kota.

Nyumba yetu ilikuwa ya mwisho. Njia ya kwetu ilikuwa nyembamba na kali, Land Rover ikakataa, dereva akaiacha chini. Tukapanda kwa miguu, afisa ameshika bega langu.

"Kamwene," shangazi akasalimia kwa Kihehe, kisha akakumbuka, "Karibu, mwanangu, karibu."

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kaa."

Alikuwa amelifunga goti kwa kipande cha kanga, limevimba kama kiazi. Nililitolea macho, nikitumaini afisa atafuata macho yangu. Maswali yakaja, yakaisha, likaja lile.

"Hali yako ya maisha hapa mjini, mama?"

"Nzuri, mwanangu. Tunamshukuru Mungu."

"Shangazi, goti!" nikamnong'oneza kwa Kihehe.

"Goti langu limeulizwa na nani?" akanijibu, tena kwa sauti.

Afisa akakunja karatasi zake, akasimama kuaga. Na shangazi naye akasimama, akajitanda kanga. "Ngoja nikusindikize."

"Shangazi, huwezi, mteremko huo."

"Mgeni aondoke peke yake kama aliyefukuzwa?"

Alitangulia kutembea polepole, mkono mmoja ameushika mwingine nyuma, ndivyo alivyosindikiza siku zote. Hapo moyo wangu ukaruka kwa furaha, kwa sababu nilikumbuka kitu ambacho Land Rover ilikuwa imetunyima asubuhi yote. Kwetu sisi, nyumbani ni mahali pa salamu tu. Habari yenyewe hutoka njiani, wakati wa kusindikizana, mnapotembea kila mmoja anatazama mbele na hakuna anayemwona mwenzake usoni. Deni, ugonjwa, mchumba, ugomvi, vyote husemwa huko. Nikajua sasa atasema maji.

Kweli, tulipopita mti wa mparachichi wa jirani akaanza.

"Mwanangu, ngoja nikwambie."

"Ndiyo, mama."

"Tangu mume wangu afe, wewe ndiye mtu wa kwanza nimemsindikiza katika mji huu."

Afisa akapunguza mwendo.

"Hapa mtu anakuja mlangoni, anasema haja yake, anaondoka. Nikiinuka ananiambia, baki tu mama, nina haraka. Sasa wanakwenda wapi wote? Kule kwetu Igowole unamsindikiza mtu mpaka unafika kwake. Naye anaona aibu, anakurudisha mpaka kwako. Nawe unamrudisha tena nusu. Jua linazama hamjaachana." Akacheka peke yake. "Hayo ndiyo niliyo nayo moyoni."

"Na maji je, mama?"

"Maji yapo."

"Si ni mbali?"

"Mbali kidogo. Lakini kijitoni ndiko ninakopata angalau mtu wa kusema naye."

Nilitamani nimzibe mdomo. Mwanamke aliyekuwa akipanda kile kilima kwa kuuma meno, leo anakisifu! Afisa alisimama, akafungua karatasi zake juu ya mkono, kalamu ikabaki hewani.

"Mdogo wangu," akaniuliza, "hili niliandike wapi? Hakuna mahali pake."

Aliniuliza kwa dhati, kama ninajua. "Andika maji," nikamwambia. "Dada, tafadhali, andika maji."

Akanitazama, akavua raizoni zake. "Nipeleke huko kijitoni."

Tulimwacha shangazi kwenye kivuli cha mparachichi, tukashuka. Afisa aliteleza, akachafua gauni, akanywa maji kwa kiganja. Kupanda alipumzika mara nyingi. Juu kabisa akafungua karatasi, akatia alama.

"Umeandika nini?"

"Ya wastani."

"Wastani wa nani?"

"Sijui, mdogo wangu," akasema, anapangusa vumbi la nyayo. "Kweli kabisa sijui."

Bomba lilikuja. Sijui kama ni ile alama, au ni kile kijito, au kuna mtu ofisini alinyoosha tu kidole kwenye ramani. Wanaume walewale wa majembe walichimba mtaro kwa kujitolea, wakiimba, na bomba likasimamishwa hatua chache kutoka kwenye jiwe letu. Asubuhi ya kwanza lilikohoa mlangoni kwetu, kho-kho, fyuuu, nikatoka mbio bila viatu. Nikajaza debe, nikalileta ndani linamwagika.

"Shangazi, maji! Uani kabisa!"

Alinawa uso. Akanywa. "Matamu," akasema, na akanisifu kama vile nimeyachimba mimi. Halafu akainama chini ya kitanda, akavuta kile kikapu chake cha safari.

"Unafanya nini?"

"Si unaona mawingu? Mvua hizo zinakuja."

"Lakini bomba limekuja!"

"Bomba zuri sana, mwanangu. Utalitumia."

"Si ulisema goti lako?"

Akafikiri, kwa upole kabisa. "Goti ulisema wewe. Mimi nilisema narudi."

Nilitafuta kosa katika maneno yale, sikuliona. Akaniambia twende wote, huko Mufindi nako mambo yanakuja, watu wanasema Mgololo kitajengwa kiwanda cha karatasi, nitapata karatasi za kupigia taipu mpaka nichoke. Tulicheka. Lakini nilikuwa nimeahidiwa kibarua cha kufagia ofisi moja mjini, na moyoni nilishajiona karani. Akaelewa kabla sijamaliza kusema. "Wewe mji unaupenda. Kaa."

Siku ya kuondoka, majirani walikuwa kwenye foleni ya bomba. Wote walimpenda, nakwambia kweli, na wote walimpungia mkono. "Nenda salama, mama! Salimia Igowole!" Ila hakuna aliyetoka kwenye foleni, maana ukitoka nafasi yako imekwenda. Yule mzee wa mikeka alisogea hatua mbili, akaangalia ndoo yake, akarudi.

"Nisindikize mpaka stendi," shangazi akaniambia. Stendi nikapanda naye basi, nikasema nitashukia Uyole. Njiani alizungumza mambo ya kawaida: nisikalie unyevu, nisiazime sufuria kubwa. Hakusema habari yoyote ya ndani. Mimi pia sikusema. Labda habari hutoka kwa miguu tu.

Uyole basi lilisimama katikati ya magunia ya viazi na malori ya Zambia. Kondakta akapiga ubavu wa basi, nikashuka. Shangazi akatoa kichwa dirishani.

"Haya, rudi sasa."

"Tangulia wewe."

"Mtoto mbishi," akasema, na basi likaondoka.

Gari za kurudi mjini zilikuwa ng'ambo ya barabara. Sikuvuka. Nilishika njia ileile ya basi, pembeni mwa lami, mkono mmoja nimeushika mwingine nyuma, nikapita mashamba ya utafiti wa kilimo, nikatembea taratibu mpaka basi likazama nyuma ya kilima, na baada ya hapo nikaongeza hatua kidogo.