Siku ya Duara, Mbele ya Simu

Nilipokuwa mdogo, vijijini huko Shinyanga, ndama wetu alinasa kwenye tope la lambo. Lambo lenyewe sijui lilichimbwa na nani, tulioga humohumo na ng'ombe. Kaka yangu alimvuta mpaka jua la utosi. Tangu hapo ndama habanduki kwake, hata akienda chooni anamsubiri nje.

Shule niliishia la tatu, msinidai mpangilio. Ila nami nilikuwa ndama. Ujanani nilichimba dhahabu Bugarama na rafiki yangu, na siku moja duara, yaani shimo letu, likaporomoka nikiwa ndani. Nilizinduka juu, kichwa kiko mapajani mwake, ananifuta udongo puani. Nikamfuata. Alipohamia Nyasubi, nami nikahamia. Mwanangu wa kwanza nikampa jina lake.

Mwaka huu akafunga ndoa kanisani na mke aliyeishi naye mpaka wajukuu. Kwetu wapo wengi: mahari ilishatoka zamani, padre anakuja mwishoni. Nikasema nitarekodi mwenyewe, kwa simu aliyoninunulia binti yangu, ujana wetu ubaki hata tukifa. Nikarekodi sufuria za pilau, nikarekodi bibi harusi akilalamika kwamba gauni linambana kuliko mume. Kisha nikamwomba bwana harusi asimulie ile siku ya duara, wajukuu wasikie.

Akasema juzi ameungama, na padre kamwambia yupo mtu mwingine wa kumweleza.

"Mimi nilikimbia, bhabha. Aliyekufukua ni yule mpishi wetu wa kule machimboni. Nilirudi nikakukuta umeshalazwa pale juu."

Mpishi yule tulimzika siku ileile. Udongo ulimfunika. Mimi makaburini nilikuwa nauliza, mpishi alifuata nini duarani?

"Alirudi kutafuta wengine," akasema.

Nikamuuliza kwa nini miaka yote hii.

"Ulipofumbua macho ulinishukuru. Nikashindwa kukukatalia."

Simu bado nimeishika, yeye yumo humo, suti na ua kifuani. Nikaiweka kwenye kiti, ikielekea keki, nikapita katikati ya akina mama waliokuwa wakicheza. Mmoja akaniuliza, babu, unakwenda wapi na hujala? Sikumjibu.

Simu sijaifuata. Nyumba yake sijaikanyaga tena.