Mwanamke Aliyeshona Magunia Gatongora

Kwanza nilisikia tiktiktik ya projekta, kama mvua changa juu ya mabati, kabla macho hayajazoea giza. Ilikuwa saa tisa mchana, lakini dada yangu alikuwa ameziba kila dirisha la kile chumba cha Gatongora kilichowahi kuwa posho mill, kinu cha kusaga mahindi. Kisha mikono ya mama ikatokea, mikubwa kama milango, ikitembea juu ya magunia yaliyoning'inia kutoka darini.

Hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya dada: filamu, maigizo na vitu vya kutundika, vyote katika chumba kimoja. Majirani walisema amerukwa na akili. Mama hakusema hivyo. Miaka yote aliosha magunia yaliyotoboka na kuyashona kule Kiandutu, mtaa wetu wa mabanda, na sindano hiyo ndiyo iliyotusomesha. Dada alipomwomba aketi katikati ya picha za mikono yake, ashone mbele ya watu bila kusema neno, alikubali. Sharti lake moja alinipa mimi, niliyepangiwa kusoma maandishi yangu mwishoni.

"Mimi nitanyamaza vile mnataka," aliniambia asubuhi, akijifunga kitambaa. "Lakini wewe, baba, ukimaliza kusoma, waambie mimi ni mama yako. Wasifikirie niliokotwa barabarani."

Aliniita baba siku zote, kwa kuwa nilipewa jina la baba yake.

"Sawa, mum."

Nilikuwa nimewaalika wenzangu wa kikundi cha waandishi, vijana wa Membley wenye viatu visivyojua tope. Mmoja aliniinamia sikioni.

"Aisee, huyu mathe mlimtoa wapi? Cheki vidole vimepasuka! Ama ni actress?"

"Ni mama fulani tu wa Kiandutu," nilijibu.

Mkanda wa filamu uliisha sekunde hiyo hiyo. Projekta ilinyamaza, na jibu langu likabaki peke yake hewani, likasikika hadi kwenye kiti cha mama. Sindano ilisimama nusu ndani ya gunia. Halafu ikaendelea. Dada aliniangalia kutoka kwenye mashine, mkanda ukining'inia mkononi.

Bado nilikuwa na nafasi. Nilisoma, na Mungu anisamehe, nilisoma vizuri. Nilimwita "mwanamke mmoja" kutoka mwanzo hadi mwisho, nikaisifu mikono yake kwa maneno niliyoyatafuta wiki nzima. Walipiga makofi. Maneno manne aliyoniomba yalikuwa mdomoni, mepesi kuliko yote niliyosoma. Wenzangu walinitazama.

"Asanteni kwa kuja," nikasema.

Mama alimaliza mshono, maana hakuwahi kuacha gunia wazi. Akakata uzi kwa meno, akachomeka sindano kwenye kola ya sweta, akainuka. Aliponifikia alisimama kidogo.

"Umesoma vizuri, kijana," alisema kwa upole, kama anavyowaambia watoto wa wenyewe.

Mlango wa mabati ukafungwa nyuma yake.