Siku Mama Aliporipoti Kazini

Mama yangu alifundisha darasa la tatu miaka mingi, mpaka ofisi ya elimu ilipomwondoa kazini kwa madai kwamba cheti chake ni cha mtu mwingine mwenye jina kama lake. Alikwenda mahakamani, na mahakama ikasema cheti ni chake, arudishwe kazini. Tulirudi nyumbani Buhongwa tukicheka njia nzima. Mimi nilikuwa mjinga kuliko wote, maana nilidhani hukumu ikishasomwa mambo yamekwisha.

Hayakwisha. Ofisini walimwambia jalada liko kwa mkubwa, mkubwa yuko safarini, aje wiki ijayo. Wiki ijayo ya ofisi ile haina mwisho. Kila Januari mama aliketi sebuleni na rula na kalamu nyekundu, akaandaa azimio la kazi la mwaka mzima, mada kwa mada, wiki kwa wiki, kwa darasa asilokuwa nalo. Nilimuuliza la nini.

"Wakiniita ghafla," akasema, "niingie darasani mikono mitupu?"

Moyoni niliwalaani watu wa ofisi ile.

Alipobakiza mwaka mmoja kutimiza sitini, umri ambao mwalimu wa serikali hustaafu atake asitake, wakili wetu alipeleka maombi mapya: afisa aliyeikalia barua ya kumrudisha kazini aje aeleze kwa nini asifungwe kwa kudharau amri ya mahakama. Nilifurahi, sifichi. Nilitaka alale rumande hata siku mbili, ajue kungoja kukoje.

Asubuhi ya shauri, afisa alitukuta kwenye benchi nje ya chumba cha mahakama. Alikuwa mwanamume wa makamo, shati limepigwa pasi vizuri. Akainama mbele ya mama.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Hujambo?"

"Sijambo. Naomba unisamehe, mama yangu. Nipe wiki mbili tu, barua yako nitaishughulikia mwenyewe."

Mama akamgeukia wakili, akamwambia maombi yaondolewe. Wakili akamweleza kwamba pale ndipo tulipomshika, tukimwachia tumekwisha. Mimi nikamvuta mama mkono, nikamsihi. Akanitazama kama mwanafunzi mtovu wa adabu.

"Amenipa shikamoo, nimeitikia. Nitamfungishaje mtu niliyemwitikia?"

Ndivyo alivyolelewa, na ndivyo alivyonilea. Maombi yaliondolewa. Afisa akamshika mama mkono kwa mikono miwili, akaenda zake.

Wiki mbili zikawa mwezi, mwezi ukazaa miezi. Siku tulipopigiwa simu tukachukue barua masjala, mama alikuwa ametimiza sitini siku tisa nyuma. Barua yenyewe ilikuwa safi, ina mhuri na sahihi, inasema ofisi imetekeleza amri ya mahakama na mwalimu aripoti shuleni mara moja. Tarehe yake ilikuwa siku mbili kabla ya kutimiza sitini. Nilimpigia wakili simu nikifoka. Akanisikiliza, kisha akasema kwa upole kwamba kwenye karatasi amri imetekelezwa.

Shule aliyopangiwa ilikuwa ng'ambo ya ziwa, mbele ya Busisi. Nilimwambia mama asijisumbue. Akavaa gauni lake la bluu, akatia azimio la mwaka ule kwenye bahasha ya kaki, nikamsindikiza. Tulipovuka pale Kigongo hakuangalia ziwa hata kidogo. Alikuwa anapitia mada za muhula wa pili.

Mwalimu mkuu alikuwa binti mdogo kuliko mimi. Aliisoma barua, akasoma fomu iliyoambatana nayo, yenye tarehe ya mama ya kuzaliwa, akairudia tena.

"Mama, mbona hapa umeshastaafu?"

"Najua, mwanangu. Nimeitwa, nimekuja. Nipe kitabu cha mahudhurio nisaini."

Binti yule akainamisha kichwa. Alisema hawezi, kile ni cha walimu wa pale tu. Niliona machozi yamemlenga, na mimi yangu yalikuwa yameshashuka. Akafungua droo, akatoa kitabu kingine, akakisogeza mezani taratibu. Kilikuwa kitabu cha wageni.

Mama akavaa miwani. Akaandika jina lake kwa ule mwandiko wake wa ubaoni. Kwenye cheo akaandika: Mwalimu. Kwenye sababu ya kuja akaandika: Kuripoti kazini. Kisha akatazama saa ya ukutani, akajaza muda wa kuingia, na muda wa kutoka.