Tablet ilikataa uso wa Adhiambo, mimi nikachukua chaki

Wakuu, salamu kutoka Kosele. Haya yamenitokea mimi mwenyewe na mengi yananiaibisha, kwa hiyo sina sababu ya kutia chumvi.

Kuna jambo nimelikana kwa muda mrefu. Staffroom nilikuwa nasema, "Hao watoto walijianzia wenyewe."

Uongo. Ni mimi niliyempaka mtoto wa kwanza chaki usoni.

Tulipewa tablet za kusomea. Mtoto anaangalia kamera, ikiuona uso wake inamfungulia somo. Isipouona, hasomi.

Mzungu aliyezileta alijaribu kwanza. Hata hajakaa vizuri, imefunguka. Darasa zima: "Odiero amepita!" Ndivyo huku tunavyomwita mzungu.

Akafuata Adhiambo wa Grade Six, msichana mweusi tititi na msomaji wangu bora. Kimya. Tukamsogeza dirishani. Kimya.

"Madam, pengine inamuogopa," mwenzake akasema. Wakacheka. Adhiambo hakucheka.

Sasa mimi nina digrii mbili, wakuu. Nimeandika makala ndefu kuhusu ukoloni wa fikra. Siku hiyo digrii zote mbili zilisaga kipande cha chaki kiganjani na kumpaka mtoto mashavuni.

Ikafunguka. Nikajipigia makofi.

Wiki ya pili, nusu ya darasa walikuwa wanajipaka chaki kabla ya somo. Wenye rangi ya maji ya kunde hawakuhitaji, wakajiita "network". Adhiambo na wenzake wakaitwa "no network". Niliwakemea nusunusu tu, maana alama za kusoma zilikuwa zinapanda na mwalimu mkuu anatabasamu.

Nikawaandikia wenye app. Wakanijibu niongeze mwanga. Mwanga! Kosele, saa nne asubuhi, mabati yanawaka!

Lakini mashine naielewa kidogo. Ilifundishwa kwa nyuso ambazo si zetu. Mimi nimefundisha nyuso hizi hizi miaka ishirini, na bado nilipotafuta kosa nililitafuta kwenye uso wa mtoto.

Hilo ndilo somo langu. Tablet sasa nimezifungia kabatini mpaka wazirekebishe, tunasoma vitabu, watoto watatu kwa kimoja. Mwalimu mkuu hanisalimii.

Walimu mlio humu, kwenu zinawaona watoto wote? Na wa kunichapa, nichapeni tu. Ila mjue nilikuwa nimeshajichapa kabla yenu, Jumamosi moja nikiwa Migori kwa dada yangu, simu ilipolia. Mama Adhiambo.

"Mwalimu, pole kwa kukusumbua. Niko hapa sokoni na mtoto. Anataka mafuta ya kung'arisha uso, anasema bila hiyo hawezi kusoma. Sasa shule inataka chupa gani, ile kubwa ama ndogo?"

Nikamjibu:

"Usinunue yoyote, Mama Adhiambo. Uso wake hauna shida, kosa ni langu. Mpe simu nimwambie mwenyewe."