Siku Wanawake Walipobeba Ingobyi

Kosa langu la kwanza pale mlimani lilikuwa kuanika muhogo.

Nilizaliwa Bukavu, ng'ambo ya mto, kwa wazazi waliokimbia Rwanda wakiwa vijana. Kinyarwanda changu kilikuwa cha nyumbani, cha kuitikia salamu na kuomba chumvi. Nilipotaka kucheka au kugombana, Kiswahili ndicho kilichonitoka. Baada ya mauaji ya kimbari tulivuka daraja, mimi, mume wangu, watoto wawili na cherehani yangu, tukapewa nyumba kwenye mlima ulio juu ya Kamembe. Wenye nyumba walikuwa wamekimbilia kulekule tulikotoka sisi. Mume wangu ni fundi wa magari. Alipata kazi Kigali, akawa anakuja mara moja kwa mwezi. Mimi nilibaki kwenye nyumba ya watu, nikishona magauni na kutega sikio kila mlango ulipogongwa.

Nyuma ya nyumba, chini ya paa, kulikuwa kunaning'inia kitu kirefu cha kusukwa, mfano wa kitanda kisicho na miguu, chenye mti mrefu kila upande. Nilikiteremsha, nikakipangusa, nikamwaga muhogo wangu juu yake ukauke.

Jirani wa chini alipita na ndoo ya maji. Alikuwa mjane, mwembamba, hasalimii mtu. Aliona muhogo, akasimama.

"Toa vitu vyako hapo," akaniambia kwa Kinyarwanda.

"Kwa nini, Maman?"

"Hiyo ni ingobyi. Si chanja."

Akaondoka, maji yakimmwagikia mgongoni kwa jinsi alivyotembea kwa hasira. Neno ingobyi nililijua kama ngozi ya kubebea mtoto mgongoni. Mzee wa nyumba ya juu, mwanamume pekee mtu mzima aliyebaki upande wetu, ndiye aliyenieleza. Mlima mzima ulikuwa na chama cha wabebaji. Mgonjwa akizidiwa, wanaume wanne walimweka kwenye ingobyi, wakaichukua mabegani, wengine wakafuata nyuma kupokezana mpaka hospitali. Mwenye nyumba yangu ndiye aliyekuwa mtunzaji wa ingobyi.

"Sasa wako wapi?" nikauliza.

"Wengine wameuawa. Wengine wako gerezani. Wengine wamevuka." Akajigusa kiuno. "Nimebaki mimi, na huu mgongo."

Kisha akapunguza sauti. "Yule jirani yako, alipokuwa anazaa mtoto wake wa mwisho, walimbeba humo. Wawili kati ya wale wanne ndio waliorudi nyumbani kwake baadaye na mapanga. Mtoto huyo hayupo tena. Mume wake alikamatwa kwenye kizuizi cha pale konani, akiteremka kutafuta msaada."

Nilimwaga muhogo wote. Niliirudisha ingobyi chini ya paa, na kwa mwaka mzima sikuitazama.

Ndivyo tulivyoishi. Kwenye chemchemi kulikuwa na wanawake wa aina tatu: walionusurika, wale ambao waume zao walikuwa gerezani, na sisi tuliotoka Congo. Hakuna aliyetupanga, lakini kila aina ilisimama upande wake. Mtu akijaza ndoo, aliondoka bila kuaga. Nilikulia kwenye mtaa ambako jirani aliingia jikoni na kufunua sufuria bila kuuliza, na kimya kile kilinitisha kuliko kelele yoyote.

Halafu vita vikaanza ng'ambo. Tulikuwa tunaiona Bukavu kutoka mlimani, mapaa yake yakiteremka mpaka ziwani, na sasa moshi ulikuwa unapanda kutoka humo. Mizinga ilipiga tangu alfajiri, vioo vya dirisha langu vikatetemeka. Dada zangu wawili walikuwa bado kule. Wanajeshi walifunga barabara kubwa, hakuna gari lililopita. Watu walijifungia ndani na kusubiri.

Siku ya tatu, asubuhi, nilikuwa nampima mteja wangu mmoja, mama Mwislamu wa Kamembe aliyekuwa akiuza mandazi na aliyeshindwa kurudi kwake kwa sababu ya milio. Binti mmoja akaingia bila kubisha. Alikuwa wifi ya jirani yangu wa upande wa kulia, mwanamke mjamzito ambaye mume wake alikuwa gerezani. Kila mtu alijua mume huyo anashtakiwa kwa nini. Wakati wa mauaji alilinda kizuizi cha konani.

"Tangu jana yuko kwenye uchungu," akasema binti. "Mtoto hatoki. Damu imeanza."

Tulikwenda. Nilimkuta amelala kwenye mkeka, midomo imemkauka, macho yako juu. Nimezaa mara mbili, nikajua ninachokiona. Nilitoka nje nikamwita Mzee. Mzee alitazama barabara tupu, akatazama moshi wa Bukavu, kisha akatazama nyumba yangu.

"Ingobyi iko," akasema. "Wabebaji ndio hakuna."

"Tuko sisi."

"Mwanamke habebi ingobyi, mwanangu. Haijawahi kuonekana."

"Mzee, utamwambia nani hivyo kesho, tukimzika?"

Akaenda kuchukua fimbo yake. Mimi na mama wa mandazi tuliiteremsha, tukatandika godoro na blanketi, tukasokota kata za majani makavu ya migomba za kuweka begani. Tulikuwa watatu: mimi, yeye na wifi. Watu watatu hawabebi miti miwili. Tulijaribu, ingobyi ikainama upande mmoja, mgonjwa akapiga yowe lililosikika mlima mzima. Milango kadhaa ilifunguka kidogo, ikafungwa.

Mlango wa mjane haukufungwa. Alitoka akijifunga kitenge kiunoni, akatembea mpaka uani kwa mgonjwa, ambako hakuwa amekanyaga tangu mauaji. Hakumsalimu yeyote. Aliokota kata ya nne, akaiweka begani, akashika mti wa mbele kulia.

Mgonjwa alimwona. "Nishusheni," akasema. "Si yeye. Mwambieni aache. Si yeye wa kunibeba."

"Nyamaza," mjane akamjibu. "Tunza pumzi zako."

Tukanyanyua.

Sijui kama naweza kueleza uzito ule. Mti ulinikata begani kana kwamba kata haikuwepo. Mvua ya usiku ilikuwa imelainisha njia, na kila mmoja wetu alikuwa na urefu wake, kwa hiyo ingobyi ilikwenda kama mtumbwi wenye maji ndani. Mzee alitangulia na fimbo yake akitupigia hatua: "Kushoto. Kulia. Jiwe. Kushoto." Mizinga ikilia, sote tulikunja magoti kwa pamoja, na mgonjwa akaguguna blanketi asipige kelele. Kando yangu mama wa mandazi alikuwa akiomba dua kwa sauti ya chini, bila kukatiza, mpaka nikaanza kutembea kwa mdundo wa dua ile.

Tulipofika konani, kizuizi kilikuwepo. Gogo lilikuwa limelazwa njiani, wanajeshi wanne walikuwa wamesimama nyuma yake. Niliona mgongo wa mjane ukikakamaa. Mzee aliniambia baadaye kwamba kwa miaka miwili mwanamke yule alikuwa akizunguka bondeni kila anapokwenda sokoni, saa nzima ya ziada, asipite pale.

"Simama! Mmebeba nini?" Mwanajeshi alisema Kiswahili, lakini si kile chetu.

"Ni maman mwenye anataka kuzaa, afande," nikajibu. "Mutoto amekwama. Tunamupeleka hospitali."

Akanisogelea. "Wewe unatoka wapi? Unaongea kama watu wa ng'ambo."

"Nilizaliwa kule. Sasa minaishi hapa."

"Tangu lini?"

"Tangu vita viishe."

"Jana watu walivuka mto na bunduki chini ya majani ya muhogo. Teremsheni hiyo kitu. Funua blanketi."

"Afande, tukimuteremusha hatutaweza kumunyanyua tena."

Ilikuwa kweli. Bega lilikuwa limekufa ganzi. Alifunua blanketi yeye mwenyewe, kwa ncha ya bunduki. Aliona tumbo, akaona damu, lakini hakurudi nyuma. Alikuwa kijana, na nadhani aliogopa kama sisi.

"Wanaume wenu wako wapi? Mume wa huyu yuko wapi?"

Neno gerezani lilikuwa mdomoni mwangu, na nilijua likitoka tutakaa pale mpaka afe. Wifi alianza kulia. Mgonjwa alikuwa amefumbua macho akimtazama mjane, kisogo chake tu, kwa sababu mjane hakugeuka.

Mjane alisema kwa Kinyarwanda, polepole, akitazama gogo. "Wangu aliuawa hapo. Hapo uliposimama. Huyu sitaki afie hapa. Ondoa huo mti."

Mwanajeshi mmoja wa nyuma, mkubwa kuliko wengine, alielewa. Aliinama, akashika gogo upande mmoja, akaliburuta pembeni. Yule kijana alisogea kutoka pale alipokuwa amesimama kama mtu aliyekanyaga moto.

Tulipita. Hatua kama hamsini mbele, mjane alitapika akiwa anatembea, bila kuachia mti.

Hospitalini walimchukua kutoka mikononi mwetu mlangoni. Mtoto alizaliwa kabla ya adhuhuri, wa kike, kichwa kimevutika kama yai, lakini analia. Mama yake alipona, ingawa ilichukua wiki nyingi. Nilipotoka kuwaambia wenzangu, mama wa mandazi alisujudu palepale kwenye majani. Mjane hakuwepo. Alikuwa ameshaondoka, peke yake, kwa njia ya konani.

Nilimkuta jioni kwenye chemchemi, gauni limeshushwa, akimwagia bega lake maji. Ngozi ilikuwa imechubuka kama yangu.

"Ni msichana," nikamwambia. "Wote wazima."

"Nimesikia."

"Kwa nini ulikuja?"

Aliendelea kumwaga maji. "Nilisikia anavyolia. Basi." Kisha akanigeukia, na kwa mara ya kwanza akanitazama usoni. "Wewe unabeba vibaya. Unainua bega. Liache bega lishuke."

Chama kilianza hivyo, kwa kufundishana kubeba. Jumapili ile, baada ya ibada, wanawake saba walikuja kwangu. Tuliweka gunia la viazi kwenye ingobyi, tukapanda nalo na kushuka nalo. Wanaume wachache waliokuwa wakipita walisimama kutucheka, na Mzee akawatishia kwa fimbo. Kufikia mwisho wa msimu wa mvua tulikuwa zaidi ya ishirini. Mimi niliandika zamu kwenye daftari langu la vipimo vya wateja. Hatukuandika nani ni wa upande gani. Ila bado tulipopumzika njiani, kila mtu alijua akae karibu na nani.

Mwenye nyumba hakurudi. Mke wake ndiye aliyerudi, kambi za wakimbizi zilipovunjika, akitembea na bakuli moja na nguo za mwilini. Nilifungua mlango nikamkuta amesimama, akitazama mapazia yangu kwenye madirisha yake. Tuliishi naye miezi mitano chini ya paa moja, tukipikiana kwa tahadhari kama watu walioogopa kuamsha mtoto, mpaka mume wangu alipomaliza kibanda chetu kwenye kiwanja kingine. Siku niliyohama nilimuuliza kama nimwachie ingobyi. Alisema, "Hapana, ipeleke. Mimi nipe zamu tu."

Vita vya pili vikaja ng'ambo. Tulibeba watu kutoka darajani waliovuka na majeraha, na mmoja wao alikuwa dada yangu mdogo. Lakini kilichotuweka kwenye mizani kilikuja baadaye, kwa utulivu, siku ya kikao cha chama.

Yule msichana aliyezaliwa siku ile alikuwa ameshaanza shule. Baba yake alikuwa amekiri, amemaliza kifungo, amerudi mlimani akiwa amekonda na kuzeeka. Alikuja kikaoni akasimama nyuma, kofia mkononi.

"Nimesikia mlimbeba mke wangu," akasema. "Nina nguvu bado. Naomba nibebe."

Watu wakasogeleana kila upande wake, kama zamani chemchemini. Mke wake aliinamisha kichwa. Wote tulijua ni nani anayepaswa kujibu, na hakuna aliyethubutu kumtazama. Mzee, ambaye sasa alikuwa hawezi kutembea na tulimleta kikaoni kwa kumshika mikono, alichora chini kwa fimbo yake.

Mjane alisimama. Alizungumza na mimi, si na yule mwanamume.

"Wewe una daftari. Andika. Wagonjwa ni wengi, wabebaji wachache. Abebe. Lakini nisiwekwe naye mti mmoja. Na siku nitakayolala mimi kwenye ingobyi, yeye abaki nyumbani kwake. Hata kama ndiye mbebaji pekee aliyebaki."

"Hata kama amebaki peke yake?" nikauliza.

"Andika nilivyosema."

Niliandika. Mwanamume alisema "nashukuru" kwa sauti iliyokatika katikati, akavaa kofia, akatoka. Mjane alikaa chini. Mke wa mwenye nyumba yangu ya zamani, aliyekuwa amekaa upande wa pili, aliinuka, akavuka uwanja mzima mbele ya watu wote, akaenda kukaa karibu naye.

Yule mwanamume alibeba mara ya kwanza wiki mbili baadaye. Mgonjwa alikuwa mwalimu aliyevunjika mguu. Sikumpanga mjane siku hiyo, wala siku nyingine yoyote ya zamu ya mwanamume huyo. Daftari limebadilishwa mara tatu tangu wakati ule, na kila ninapohamisha majina kwenye jipya, huanza na mawili, la mjane na la yule mwanamume, nikaweka kurasa kati yake, ndipo nikapanga wengine wote.