Mtani Aliyekuja Kumfuata Mjukuu Wetu

Kabla sijaeleza jinsi mjukuu wetu alivyosafiri kwenda pwani, sina budi kueleza hali ya mahali tunapoishi. Asiyeijua hali hiyo atauona uamuzi wa mke wangu kuwa ukaidi, nao haukuwa ukaidi.

Ntalikwa imo ndani ya mipaka ya Manispaa ya Tabora, lakini anayeishi hapa hajihisi kuwa yuko mjini. Tunalima mahindi, karanga na viazi vitamu, na katika ardhi ya bondeni tunalima mpunga. Mvua zikishaanza, majaruba hushika maji kwa miezi kadhaa, na maji yaleyale yanayotupatia wali hutupatia mbu. Hakuna mkulima wa hapa asiyejua jambo hilo, wala hakuna aliyewahi kufikiria kuuacha mpunga kwa ajili yake. Tunalala ndani ya vyandarua. Zahanati ina kipimo kinachotoa jibu hata kabla mama hajamaliza kueleza jinsi mtoto alivyolala, na dawa mseto hupatikana mara nyingi. Hali hii ni bora mno kuliko ile tuliyoikuta tulipooana. Hata hivyo, masika hayapiti bila nyumba fulani kukesha na mtoto mwenye homa.

Homa yenyewe ni ya zamani hapa. Nimefundisha historia kwa sehemu kubwa ya maisha yangu, na nilikuwa nikiwaambia wanafunzi kwamba wasafiri waliopita katika njia ya misafara, kutoka pwani hadi Ujiji, walifika Tabora wakitetemeka, wakapumzika hapa mpaka wapate nguvu, kisha wakaandika kwa kirefu habari za kutetemeka kwao. Wapagazi waliowabebea mizigo walitetemeka vilevile, ila wao hawakuandika.

Sisi wenyewe tulipoteza mtoto wa kiume kwa homa hiyo. Alikuwa hajafikia umri wa kwenda shule. Degedege lilimshika asubuhi, na jua lilipokuwa utosini alikuwa ameshatutoka. Mke wangu ndiye aliyekuwa amempakata. Tangu siku hiyo, katika nyumba yetu, jambo lolote linalohusu homa ya mtoto huamuliwa na yeye, nami sijawahi kuona sababu ya kuudai uamuzi huo.

Binti yetu aliolewa pwani, na Mzaramo. Alipojifungua mtoto wa kike, aliombwa amwandikishe katika kituo cha utafiti kilichokuwa kikijaribu chanjo ya malaria kwa watoto wadogo. Yeye na mumewe walielezwa, wakauliza, wakakubali. Utaratibu ulikuwa huu: mtoto angechomwa dozi tatu, kila moja baada ya mwezi, na dozi ya nne baada ya mwaka mzima. Baadhi ya watoto wangepata chanjo ya malaria, wengine chanjo ya kichaa cha mbwa, ambayo nayo ina faida yake, na hakuna mzazi wala daktari pale ambaye angejua nani kapata ipi mpaka kazi iishe. Binti yetu alitueleza hayo kwa simu. Mke wangu alisikiliza, kisha akasema, "Sawa, ni mtoto wenu," na mazungumzo yakahamia kwenye bei ya mchele.

Mtoto alipoachishwa ziwa, akiwa ameshapata dozi tatu za kwanza, aliletwa kwetu. Hiyo ni desturi ya Kinyamwezi: mtoto aliyeachishwa huenda kwa bibi yake, ale, anenepe, na asahau ziwa. Naye alisahau upesi. Alijifunza kutafuna matobolwa, yaani viazi vilivyochemshwa na kukaushwa juani, akawa hatoki katika upindo wa kitenge cha bibi yake. Jirani yetu, mwanamke mwenye maneno mengi, aliposikia habari za chanjo ya kichaa cha mbwa hakuiacha ipite.

"Mwacheni atembee peke yake," alisema. "Huyu akiumwa na mbwa, mbwa ndiye atakayelazwa."

Mke wangu alicheka pamoja naye. Kicheko hicho kilikoma mvua zilipokolea, kwa kuwa mtoto alishikwa na homa. Tulimpeleka zahanati mapema, kipimo kikaonyesha malaria, akapewa dawa mseto, na baada ya siku chache alikuwa akifukuza kuku uani. Kwa kipimo cha mahali petu, lilikuwa jambo dogo. Kwa mke wangu halikuwa dogo.

Ulikuwa umebaki muda mfupi kufikia dozi ya nne. Binti yetu alipiga simu kuuliza ni lini tungemrudisha mtoto.

"Harudi," alisema mama yake.

"Mama, wanamsubiri."

"Wanamsubiri kwa lipi? Wamemchoma mara tatu na malaria imemkamata. Si mliambiwa mnaweza kujitoa wakati wowote? Basi, mwambie huyo daktari kwamba bibi amejitoa."

Nilijaribu kumweleza nilivyoelewa: kwamba chanjo hii hupunguza ugonjwa bila kuuzuia wote, kwamba huenda mtoto alipata ile nyingine, kwamba kinga, kama aliipata, hufifia, na dozi ya nne imewekwa ili kuirudishia nguvu. Alinisikiliza kwa heshima, akipepeta karanga.

"Mwalimu," alisema, "wewe umesoma habari za homa. Mimi nimeipakata."



Mtu aliyekuwa na haki ya kuzungumza zaidi ya mimi ni baba wa mtoto, lakini yeye alizibwa mdomo na ukwe. Mkwe wa kiume hambishii mama wa mkewe. Alipopiga simu alisema, "Shikamoo, mama," akaitikiwa, "Marahaba, baba," akauliza habari za mvua, za mpunga, za afya yangu, kisha akaaga. Alipiga hivyo jioni tatu mfululizo, na jioni zote tatu aliuliza habari za mvua.

Ndipo akamtuma shangazi yake.

Hapa nawajibika kueleza jambo moja kwa usahihi. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani. Wazee husimulia kwamba utani huo ulizaliwa katika njia ya misafara, watu wetu walipokuwa wakishuka pwani na mizigo na kukaa katika nchi ya Wazaramo. Mtani ana ruhusa ya kukutukana mbele za watu, kukucheka msibani, hata kukamata kitu chako na kukizuia mpaka ukikomboe, nawe huruhusiwi kukasirika. Lakini shangazi wa mkwe wetu alikuwa mkwe pia, na ukwe ni heshima tupu. Alikuwa, kwa hiyo, mtu mwenye ruhusa ya kusema lolote na mwenye katazo la kusema lolote, kwa wakati mmoja.

Alishuka kwenye treni akiwa amejitanda khanga mpya, mwanamke mnene, wa makamo, mwenye sauti aliyoishusha kwa makusudi. Siku ya kwanza ukwe ulitawala. Alikaa mkekani, macho chini. Mke wangu alimchinjia kuku. Waliitana "mkwe wangu" kila baada ya maneno machache, wakaulizana habari za watu ambao hakuna kati yao aliyewajua vizuri. Habari ya dozi ya nne haikutajwa. Siku ya pili ilielekea kuwa vilevile, nami nilianza kuona kwamba mgeni angerudi kwao na salamu tu.

Mchana wa siku hiyo mke wangu aliandaa ugali na mboga ya kunde iliyoungwa kwa karanga. Mgeni alionja, akasifu, akaonja tena, na mkono wake ukasita kidogo juu ya sahani. Mke wangu aliona.

"Unatafuta nazi, mkwe wangu?" aliuliza. "Huku hatuna. Nazi zenu tulizibeba zamani mpaka mabega yakachubuka, tukaamua tusizione tena."

Neno hilo lilimponyoka. Nilimwona akijifunika mdomo kwa upindo wa kitenge. Lakini neno la utani likishatoka, ukwe hukaa pembeni. Na aliyechokozwa na mtani wake hana ruhusa ya kunyamaza. Shangazi aliinua macho kwa mara ya kwanza tangu afike. Alinawa mikono bila haraka.

"Ahaa," alisema, na sauti yake halisi ikajaza ua. "Kumbe Mnyamwezi wangu yupo! Nimekaa siku mbili nikidhani nimekaribishwa na padri."

Jirani yetu, aliyekuwa akipita, aliingia na kuketi bila kualikwa.

Shangazi alisimama, akamnyanyua mtoto, akamweka mgongoni na kufunga khanga kifuani. "Huyu mateka," alitangaza. "Mtani wangu, nimekamata. Babu zako walikuwa wakituletea mzigo pwani bila kuitwa. Wewe mzigo mdogo kama huu unaukalia? Au Wanyamwezi wa siku hizi mmeishiwa miguu?"

"Mrudishe mtoto, mla pweza wewe!" mke wangu alisema. Alikuwa akicheka, na machozi yalikuwa yakimtoka.

"Simrudishi. Mkomboe."

"Nimkomboe kwa kitu gani?"

"Kwa neno la kweli," alisema shangazi, na hakuwa akicheka tena. "Niambie unachoogopa. Nikikisikia, nitamshusha."

 Mke wangu alisema kwamba hakuiogopa sindano. Aliogopa kwamba wale watafiti wa pwani walikuwa wakimtazama mtoto kama hesabu, na kwamba siku homa itakapokuja kwa nguvu hapatakuwa na mtu wa kumpakata. Alitaja jina la mtoto wetu wa kiume, ambalo halikuwa limetajwa uani kwetu kwa miaka mingi.

Shangazi alimshusha mtoto, akamkabidhi kwa mikono miwili. "Sikujua hilo, mtani," alisema. "Hata kijana wangu, mkweo, hajaambiwa." Kisha akaketi mkekani karibu naye. "Lakini mimi nimewaona watu wale. Siwezi kukuapia kwamba ni wema. Njoo uwatazame mwenyewe. Usipowapenda, utarudi naye, na mimi ndiye nitakayekubebea mizigo mpaka Tabora. Kichwani. Mzaramo amebeba mzigo wa Mnyamwezi: utakufa umefurahi."

"Mpaka Ntalikwa," alisema mke wangu. "Si Tabora mjini."

"Mpaka Ntalikwa, mnyanyasaji we!"

Tulisafiri wote. Reli hufuata kwa sehemu kubwa njia ya misafara, nami nilikuwa nimejiandaa kuonyesha hiki na kile dirishani. Lakini wale wawili hawakunipa nafasi. Kila stesheni ilikuwa na tusi lake. Mtoto alilala juu ya mapaja ya huyu, akaamka juu ya mapaja ya yule.

Katika kituo, daktari alikuwa mwanamke kijana. Alituamkia vizuri, akavuta kiti akakaa usawa wetu. Mke wangu hakuzungusha maneno.

"Huyu alipata ya malaria au ya mbwa?"

"Sijui, bibi."

"Unanificha?"

"Sikufichi. Hata mimi nimefichwa. Wanaojua hawajawahi kumwona mtoto huyu, na hawatatuambia mpaka mwisho."

"Kwa nini mfichwe, nanyi ndio waganga?"

Daktari alifikiri. "Kwa sababu ningejua kwamba amepata ya malaria, ningetamani iwe imefanya kazi. Akija na homa ningeanza kusema, hii ni mafua tu. Kutamani kunadanganya."

Mke wangu aliyapokea hayo taratibu. Kisha akauliza kuhusu malaria aliyoipata mtoto, na daktari akasema amefurahi kuisikia, maana ilipaswa kuandikwa. Hata chanjo ikiwa nzuri kiasi gani, alisema, chandarua na kipimo na dawa vitabaki kazini. Mke wangu akauliza ni nani atakayemwangalia mtoto akiugua akiwa mbali. Daktari alimpa namba ya kupiga, na akakiri kwamba zahanati yetu ndiyo itakayomtibu kwanza, kama ilivyofanya.

"Ni kama mbegu," mke wangu aliniambia mimi, si daktari. "Tulipoletewa mbegu mpya ya mpunga nilipanda jaruba moja la mbegu mpya na jaruba moja la mbegu ya zamani, nikampikia jirani wali wa yote mawili bila kumwambia. Ningemwambia, angesifu mpya kunifurahisha."

"Na alisifu upi?" aliuliza shangazi.

"Alikula yote akaomba ukoko."

Daktari alicheka mpaka akafuta macho. Binti yetu, aliyekuwa kimya ukutani muda wote, alimtazama mama yake. Mke wangu alimpakata mtoto mwenyewe, akamshika paja imara, akageuza uso wake kifuani pake.

"Choma," alisema.

Hayo yalikuwa miaka michache iliyopita. Utafiti ulimalizika, na chanjo ikaonekana kuwakinga watoto wengi, ingawa si wote; ikaidhinishwa, na sasa watoto wa nchi kadhaa za Afrika, zikiwamo za jirani, huipata pamoja na chanjo zao za kawaida. Ninapoandika haya, katika zahanati yetu bado haijaanza kutolewa. Mjukuu wetu, ambaye mpaka leo hatujaambiwa alipata ipi, alirudi Ntalikwa na bibi yake, akakaa nasi masika mengine mawili. Aliugua homa, akapimwa, akatibiwa, degedege halikumpata. Sasa anasoma shule pwani. Mke wangu, kila anapompeleka mtoto wa jirani kliniki, huuliza chanjo ya malaria itafika lini.