Kupe wa Maabara na Kupe Wetu

Mama mkubwa Satı alikuwa na ng'ombe wanne kijijini kwetu, milimani juu ya mji wa Tokat, Uturuki. Kila jioni ya kiangazi, kabla ya kukamua, alipapasa viwele akitoa kupe. Kupe aliyeshiba alimminya kwa kucha mpaka apasuke, kisha akapangusa vidole kwenye aproni. Ndivyo walivyofanya wanawake wote kwetu.

Mwaka ule jirani yetu Bektaş alipokufa kwa homa ya kupe, damu ikimtoka puani, uvumi ulienea kwamba kupe hao walitengenezwa maabara, wakabadilishwa vinasaba, wakamwagwa mashambani kwa helikopta. Mama mkubwa aliamini. Wale wenye miguu ya mistari, waliosemwa ndio wa maabara, akawa anawashika kwa koleo na kuwatia motoni. Wale wa kijivu, waliovimba kama maharage, aliendelea kuwaminya.

"Ni wale wale," nilimwambia. "Wamejaa damu tu. Na hakuna aliyewatengeneza."

"Haya, mama vitabu. Hawa wetu. Nimekua nao."

"Basi vaa glavu. Homa huingia kwa damu yao."

"Hata mume wangu sijawahi kumshika na glavu, nije nimshike ng'ombe?"

Kidole chake cha shahada kilikuwa na jeraha la kisu. Nililiona, nikamfunga kitambaa. Alikifungua ili akamue.

Wiki iliyofuata nilimkuta amekaa chini zizini, ndoo imemwagika.

"Jua tu," alisema. "Kichwa na mgongo."

Nilimwomba afungue mdomo. Fizi zilikuwa zinavuja damu. Aliona uso wangu, akajigusa meno, akatazama kidole.

"Lakini sijashika hata mmoja wa mistari," alisema polepole.

Hospitalini walimweka peke yake nyuma ya kioo. Mikono yake iliota mabaka ya zambarau. Nilisimama nje nikihesabu pumzi zake, nikipoteza hesabu, nikianza upya. Siku kadhaa damu haikutaka kuganda. Kisha ikaganda.

Aliporudi nyumbani, jirani yetu Gülizar alileta supu, akaiweka kizingitini bila kuingia.

"Dada, walikuwa wa mistari?"

"Wa kijivu," alijibu mama mkubwa.

Gülizar akarudi nyuma hatua moja. "Basi wa maabara wameshapandishwa na wetu."

"Hapana, mama Gülizar," nilisema, "ni aina moja tangu mwanzo." Sauti yangu ilikuwa ndogo, na hakuna aliyegeuka.

Jioni ng'ombe walilia, viwele vimejaa. Mama mkubwa alifika mlangoni mwa zizi, mikono kaificha kwapani, akasimama hapo. Hakuingia.